Heinz Sielmann: mpiga kamera wa Ujerumani aliyeongoza filamu juu ya misitu ya Kongo

Wakaaji wa Walikale wanaoishi karibu na msitu wanajua gorila kwa macho. Huko Ulaya, wengi waliwajua kwa filamu. Kati ya waliowaonyesha gorila wakiwa porini, kuna Mjerumani Heinz Sielmann.

Sielmann alizaliwa mwaka wa 1917 mjini Rheydt, akakomalia Königsberg. Tangu kijana alipenda ndege, na mwaka wa 1938 akatoa filamu yake ya kwanza juu yao. Kisha vita ya pili ya dunia, alitengeneza filamu za kufundishia mashuleni. Kazi yake ilikuwa kushika kamera, kujificha na kungojea.

Mwaka wa 1954 alitoa filamu juu ya ndege wanaotoboa miti. Mti wenye kiota ulifunguliwa kwa nyuma, wakaweka kioo, watu wakaona makinda yanavyolishwa ndani. Hapo njo jina lake lilivuka mipaka hadi Uingereza.

Halafu kazi kubwa ilimufikia. Shirika la kisayansi la Leopold wa Tatu, aliyekuwa mfalme wa Ubelgiji, lilitaka filamu ndefu juu ya misitu ya Kongo. Sielmann aliiongoza pamoja na Henry Brandt wa Uswisi. Ilitoka mwaka wa 1958, imebakia miaka miwili tu tupate uhuru. Wanyama wamo, Wakongomani pia wamo, lakini wasimulizi ni wageni. Kwa Kiingereza, mmoja wao ni Orson Welles wa Marekani. Mukongomani anaonekana akicheza na kuwinda, ila habari yake inaelezwa na mwingine.

Tangu 1965 hadi 1991, Sielmann aliongoza kipindi cha wanyama kwenye televisheni ya Ujerumani. Mwaka wa 1994, yeye na bibi yake Inge walianzisha shirika la kulinda mazingira. Alifariki tarehe 6 Oktoba 2006, akiwa na miaka 89.

Gorila wangali Walikale, na vita pamoja na uchimbaji wa madini vinawasukuma. Leo kijana wa Masisi anaweza kupiga video kwa telefone. Sielmann alianza na ndege wa kwao, akaishia kuongoza. Filamu ya misitu yetu yenye kusimuliwa na watu wa huku inaweza kuanza vilevile, kidogo kidogo.