Rashidi Kawawa

Rashidi Mfaume Kawawa (1926 – 31 Desemba 2009) alikuwa mwigizaji wa filamu, kiongozi wa wafanyakazi na mwanasiasa wa Tanzania.

Alizaliwa wilaya ya Songea, akasoma Shule ya Serikali ya Tabora, kisha akaajiriwa katika idara ya ustawi wa jamii. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya kikoloni ilianza kutengeneza filamu za Kiswahili zilizochezwa na Waafrika, ikishirikiana na kampuni ya Afrika Kusini. Kawawa ndiye aliyekuwa nyota wake. Katika Muhogo Mchungu (1952) alicheza kama mtu wa shamba anayeingia mjini asiyajue ya mjini. Filamu hizo zilikusudiwa kuwafunza raia wa koloni. Zilimtangulizia Kawawa sura yake kabla ya siasa.

Mwaka 1955 alikuwa katibu mkuu wa kwanza wa Shirikisho la Wafanyakazi Tanganyika (TFL). Watumishi wa serikali walikatazwa kujiunga na TANU, hivyo aliacha kazi. Julius Nyerere alipojiuzulu Januari 1962, Kawawa akawa Waziri Mkuu, baadaye Makamu wa Rais, kisha Waziri Mkuu tena 1972–1977.