Sarah Bernhardt: Mwigizaji Aliyewafuata Askari Hadi Vitani

Mwaka 1916, si mbali na Verdun, mahali ambapo majeshi ya Ufaransa na ya Ujerumani yalikuwa yakiteketezana usiku na mchana, askari wa Kifaransa walikusanywa kutazama mchezo. Baadhi yao walikuwa wametoka mahandakini; wengine walikuwa wakingojea zamu yao ya kuingia. Pazia lilipofunguliwa, mbele yao alikuwa ameketi bibi kizee wa miaka 71, ameegemezwa kwa mito ndani ya kiti, na chini ya vazi lake refu ulikuwamo mguu mmoja tu. Mwanzoni hawakumshangilia, walimkodolea macho. Kisha bibi yule akaanza kusema, na alipomaliza askari wale walikuwa wamesimama wima wakipiga kelele za shangwe.

Huyo alikuwa Sarah Bernhardt, ambaye kwa zaidi ya miaka arobaini jina lake lilitajwa katika kila mji uliokuwa na jukwaa. Ndugu msomaji uliye kambini au kituoni huenda ukajiuliza: habari za mwigizaji wa Ulaya ya zamani zina uhusiano gani na watu wavaao sare? Uhusiano upo, tena ni wa damu.

Alizaliwa mjini Paris mwezi Oktoba mwaka 1844. Mama yake alikuwa Myahudi kutoka Uholanzi, mwanamke wa starehe aliyetunzwa na mabwana wenye fedha. Baba yake hakujulikana kwa hakika. Mtoto alilelewa na yaya katika jimbo la Brittany, akasomeshwa na masista huko Versailles, akabatizwa, na kwa muda akatamani kuwa sista mwenyewe. Mkubwa mmoja wa serikali, Mtawala wa Morny, aliyekuwa rafiki wa nyumba ile, ndiye aliyeshauri apelekwe chuo cha uigizaji. Akaingia chuoni mwaka 1860, na mwaka 1862 akapokewa katika Comédie-Française, jumba la taifa la michezo ya kuigiza lililoanzishwa mwaka 1680.

Hapo hatuna budi kusema kweli: mtu akiyapima maisha yake kwa jicho la mkuu wa nidhamu, hatampa alama nyingi. Mwezi Januari mwaka 1863, katika sherehe ya kumkumbuka mtunzi Molière, mdogo wake Sarah alikanyaga kwa bahati mbaya pindo la gauni la mwigizaji mmoja wa cheo cha juu. Bibi yule akamsukuma mtoto hadi akaumia. Sarah, msichana wa miaka 18 asiye na cheo chochote, akamzaba kofi hadharani. Akaamriwa kuomba radhi, akakataa, akaondoka. Kuruta anayefanya jambo kama hilo tunajua mahali atakapolala usiku ule. Mwishoni mwa mwaka 1864 akazaa mtoto wa kiume, Maurice, nje ya ndoa, akamlea na kumpenda kupita kiasi maisha yake yote.

Mwaka 1866 aliajiriwa katika jumba la Odéon, na hapo ndipo Paris ilipoanza kumsikiliza. Sauti yake ilikuwa nyembamba na safi, mwili wake ulikuwa mwembamba hata wachoraji wa magazeti wakamfanyia mzaha, lakini akisimama jukwaani watu hawakumwona mwingine.

Ndipo vita vikaja. Mwezi Septemba mwaka 1870 jeshi la Ufaransa lilishindwa huko Sedan, mfalme wake akatekwa, na majeshi ya Prussia na washirika wake yakauzingira mji wa Paris. Majumba ya michezo yakafungwa. Wenye uwezo walikuwa wakikimbia mji, na Sarah naye aliwapeleka mwanawe na jamaa zake mahali pa salama. Lakini yeye alibaki. Aliomba ruhusa akaligeuza jumba la Odéon kuwa hospitali ya kijeshi, akapanga vitanda 32 katika kumbi walimozoea kutembea watazamaji wenye hariri na almasi. Mpishi wake mwenyewe akawa mpishi wa majeruhi. Kisha akaanza kuomba. Alikwenda kwa mkuu wa polisi wa Paris, Bwana de Kératry, mtu aliyejuana naye tangu zamani, akatoka na mvinyo, mayai, kahawa na vyakula vya makopo. Hata koti la manyoya la mkuu yule mwenyewe hakuliacha. Matajiri waliokuwa wakimtumia maua sasa walitakiwa kutuma chokoleti na unga.

Tusidhani kwamba alikuwa akipita baina ya vitanda akitoa tabasamu tu. Alifunga vidonda, alikesha na waliokuwa wakifa, na alimsaidia daktari mpasuaji wakati wa kukata mikono na miguu ya askari. Makaa yalipokwisha mjini katikati ya baridi kali, aliamuru mabenchi ya ukumbi na mapambo ya jukwaani yavunjwe yawe kuni. Mwezi Januari mwaka 1871 mizinga ya adui ikaanza kuupiga mji. Majeruhi wakateremshwa chini ya jengo, na hatimaye hospitali ile ikabidi ifungwe. Waliokuwa mahututi wakahamishiwa hospitali nyingine ya kijeshi. Kwa wagonjwa wapatao ishirini waliobaki, Sarah alipanga nyumba kwa gharama yake. Mpaka mji uliposalimu amri, zaidi ya majeruhi 150 walikuwa wamepita mikononi mwake. Wakati huo alikuwa na umri wa miaka 26.

Baada ya vita umaarufu ulimjia kama mafuriko. Mwaka 1872 alicheza nafasi ya malkia katika mchezo wa Victor Hugo uitwao Ruy Blas, na Comédie-Française, ile ile iliyomwona akipiga kofi, ikamwita arudi. Alikaa huko miaka minane, kisha mwaka 1880 akagombana tena na uongozi, akajiuzulu, na mahakama ikamtoza fidia ya faranga 100,000 kwa kuvunja mkataba. Fedha hizo alikwenda kuzitafuta Marekani. Katika safari moja tu, ya mwaka 1880 hadi 1881, alicheza mara 157 katika miji 51, akizungumza Kifaransa mbele ya watu ambao wengi wao hawakujua neno la lugha hiyo. Baadaye alifika Urusi, Amerika ya Kusini na Australia. Katika jimbo la Texas, mwaka 1906, wenye majumba walipomnyima nafasi, alicheza ndani ya hema la sarakasi.

Jambo moja halifai kurukwa na waandishi wa kurasa za askari, ingawa wengi hulipita upesi. Mwaka 1894 Kapteni Alfred Dreyfus, ofisa Myahudi wa jeshi la Ufaransa, alihukumiwa kwa kosa la kuuza siri kwa Ujerumani. Hakuwa na hatia. Mwandishi Émile Zola alipomtetea mwaka 1898, nchi iligawanyika pande mbili, na wengi waliona kwamba kumtetea kapteni yule ni kulitukana jeshi. Sarah alisimama upande wa Zola. Mwanawe Maurice alikuwa upande wa pili, na kwa muda mama na mtoto hawakusemezana. Mwanamke aliyewaosha vidonda askari wa Ufaransa hakuona kwamba kulipenda jeshi kunamlazimisha kunyamaza ofisa anapofungwa kwa uongo. Dreyfus alisafishwa jina mwaka 1906 akarudishwa jeshini.

Mwaka 1899 Sarah alikodi jumba kubwa la manispaa ya Paris akaliita kwa jina lake. Humo alicheza Hamlet, na mwaka 1900, akiwa na miaka 55, akavaa sare nyeupe ya Austria kuigiza kijana wa miaka 20, mwana wa Napoleon, katika mchezo wa Edmond Rostand uitwao L'Aiglon. Mwaka huo huo pambano la upanga la Hamlet lilinaswa katika filamu. Sinema ilikuwa bado kitu cha maonyesho ya mtaani, na waigizaji wenye heshima waliidharau, yeye hakuidharau. Mwaka 1912 alitokea katika filamu ya Malkia Elizabeth wa Uingereza. Bwana Adolph Zukor aliinunua aionyeshe Marekani, na faida yake ikasaidia kuanzisha kampuni iliyokuja kuitwa Paramount.

Lakini mwili ulikuwa umekwisha kupata pigo. Mwaka 1905, mjini Rio de Janeiro, mwisho wa mchezo wa La Tosca, alitakiwa kujitupa kutoka ukutani. Magodoro ya kumpokea hayakuwapo mahali pake. Goti la kulia liliumia na halikupona. Kwa miaka kumi alicheza na maumivu hayo, hadi nyama ilipoanza kuoza. Tarehe 22 Februari 1915, huko Bordeaux, mguu ulikatwa juu ya goti. Uamuzi ulikuwa wake mwenyewe. Naye alijua vizuri alichokuwa akikiomba, kwa kuwa alikwisha kushuhudia kazi hiyo katika vyumba vya Odéon. Alikataa mguu wa bandia, alikataa magongo, alikataa kiti cha magurudumu. Akatengenezewa machela nyeupe yenye nakshi ya dhahabu, akawa anabebwa na watu wawili.

Kwa machela hiyo ndivyo alivyofika karibu na Verdun na Argonne. Mwaka 1917 ikaonyeshwa filamu yake juu ya akina mama wa Ufaransa wakati wa vita, ambayo sehemu yake ilipigwa karibu na mstari wa mapigano. Alikuwa ametoka tena kwenda Marekani kuombea nchi yake msaada, na meli iliyomrudisha ilitia nanga Bordeaux tarehe 11 Novemba 1918, siku mizinga iliponyamaza.

Alifariki Paris tarehe 26 Machi 1923, akiwa na miaka 78, mikononi mwa Maurice. Wiki chache kabla ya hapo taa na kamera zilikuwa zimeingizwa nyumbani kwake, kwa sababu alikuwa bado na filamu ya kumaliza na hakuweza tena kutoka. Watu wa Paris walijipanga barabarani jeneza lilipopita kuelekea makaburi ya Père Lachaise.

Wajerumani walipoushika mji ule wakati wa Vita Kuu ya Pili, jina lake lilifutwa kwenye jumba lile kwa sababu alikuwa na damu ya Kiyahudi. Baada ya vita lilirudishwa, kisha likabadilishwa tena mara kadhaa. Jumba lilipofunguliwa upya mwaka 2023, baada ya matengenezo ya miaka mingi, jina la Sarah Bernhardt liliandikwa tena juu ya mlango.