Mwalimu Arudi Butiama

Mafungu ya kusoma: Hesabu 8:23-26, 1 Samweli 12:1-5, 2 Samweli 19:31-39, Zaburi 71:17-18, Wafilipi 4:11-13.

Wazo kuu: Uzee mwema huandaliwa mapema. Aliyezoea kuutua mzigo kwa hiari haumii sana siku mzigo huo unapokwenda kwa mwingine.

Watu wengi huupanga mwaka wa shamba vizuri kuliko wanavyoupanga uzee. Mkulima wa Kabanga anajua lini atapanda maharage na lini atachuma kahawa. Anajua mgomba upi utakatwa, na chipukizi lipi liachwe lishike nafasi yake. Lakini ukimwuliza nani atalishika shamba hilo yeye akifika miaka 70, na siku zake atazitumiaje, mara nyingi hujibu kwamba Mungu anajua. Ni kweli, Mungu anajua. Hata hivyo Mungu huyo huyo aliwawekea Walawi utaratibu. Walipotimiza miaka 50 waliacha kazi nzito ya hema, wakabaki kuwasaidia ndugu zao katika ulinzi. Kazi yao ilibadilika, lakini wao wenyewe hawakutupwa.

Juma hili tunatazama maisha ya mtu ambaye wazee wetu wengi walimsikia redioni kwa masikio yao, na vijana wanamjua kwa picha ukutani. Hakuwa mshiriki wa kanisa letu. Alikuwa Mkatoliki aliyeipenda sala. Lakini namna alivyouendea uzee wake ina fundisho kwa kila anayetaka kuzeeka vizuri. Mtu huyo ni Mwalimu Julius Kambarage Nyerere.

Kutoka Butiama hadi Ikulu

Kambarage alizaliwa Butiama, karibu na Musoma, tarehe 13 Aprili 1922. Baba yake, Nyerere Burito, alikuwa chifu wa Wazanaki, na mama yake, Mugaya, alikuwa mmoja wa wake wengi wa chifu huyo. Alikuwa na miaka 12 alipoanza shule ya Mwisenge, Musoma. Kutoka hapo alikwenda Tabora, kisha Makerere, akawa mwalimu. Baada ya kusoma Edinburgh kuanzia 1949 hadi 1952 alirudi nyumbani, akamwoa Maria Gabriel mwaka 1953, akafundisha Pugu.

Mwaka 1954 TANU ilianzishwa, naye akawa kiongozi wake. Mwaka uliofuata ilimbidi achague kati ya ualimu na siasa, akauacha ualimu pamoja na mshahara wake. Tanganyika ilipata uhuru tarehe 9 Desemba 1961, yeye akiwa Waziri Mkuu. Desemba 1962 akawa Rais.

Mazoezi ya kuachia

Ukiyasoma maisha yake kwa haraka utadhani aliachia madaraka mara moja tu, mwaka 1985. Lakini alikuwa ameanza mazoezi zamani.

Januari 1962, wiki sita tu baada ya uhuru, alijiuzulu uwaziri mkuu. Alimpisha Rashidi Kawawa, akaenda vijijini kukijenga chama. Alikuwa hajafika miaka 40. Watu walishangaa, maana kiti kilichotafutwa kwa miaka mingi kiliachwa kingali na joto. Mwaka 1966, wanafunzi wa chuo kikuu walipoandamana kupinga masharti ya kujiunga na Jeshi la Kujenga Taifa, mabishano yaligusa mishahara mikubwa ya viongozi. Yeye alipunguza mshahara wake mwenyewe kwa asilimia 20. Mwaka 1967 Azimio la Arusha likawazuia viongozi kuwa na nyumba za kupangisha na hisa katika makampuni, na masharti hayo yalimhusu yeye pia.

Mtu aliyezoea kidogo hana hofu kubwa ya kurudi kwenye kidogo. Paulo anawaambia Wafilipi kwamba kuridhika ni jambo alilojifunza. Hatuzaliwi nalo, wala haliji lenyewe pamoja na mvi. Anayetaka kuwa mzee aliyeridhika aanze kuridhika angali na nguvu.

Mpango na pigo

Mwalimu alitangaza mapema kwamba mwaka 1985 hatagombea tena, ili chama na nchi vipate muda wa kujiandaa. Mwaka 1984 Katiba ilirekebishwa, ikaweka kikomo cha vipindi viwili vya miaka mitano kwa Rais. Hivyo hakutoka yeye peke yake. Aliwawekea mlango wa kutokea na watakaomfuata.

Lakini mipango ya wanadamu hupata mapigo. Tarehe 12 Aprili 1984 Waziri Mkuu Edward Sokoine alifariki katika ajali ya gari karibu na Morogoro. Wengi walikuwa wakimtazamia yeye kushika uongozi. Mwalimu alihuzunika sana, na angeweza kulifanya pigo hilo kuwa sababu ya kubaki. Watu wangemwelewa, na wengine wangemshangilia. Hakufanya hivyo. Tarehe 5 Novemba 1985 Ali Hassan Mwinyi aliapishwa, naye Mwalimu, akiwa na miaka 63, akatoka.

Siku zile jambo hilo lilikuwa adimu barani Afrika, na walioachia hawakuachia wote kwa amani. Ahmadou Ahidjo wa Kameruni alijiuzulu mwaka 1982, lakini muda si mrefu akagombana na mrithi wake, akaishia uhamishoni, akafia Dakar mwaka 1989. Kuacha kiti ni jambo moja. Kumwacha mwingine akikalie kwa namna yake ni jambo la pili, nalo ni gumu zaidi.

Yaliyomuuma

Tusimfanye Mwalimu malaika. Wazee wa Kasulu na Kibondo wanakumbuka mwanzoni mwa miaka ya 1970, mkoa wa Kigoma ulipokuwa kati ya mikoa ya kwanza kuhamishiwa watu katika vijiji. Wengine waliacha migomba iliyokuwa ikizaa na makaburi ya baba zao. Aliondoka Ikulu nchi ikiwa katika shida kubwa: sukari na sabuni vilikuwa vya foleni, na gharama za vita dhidi ya Idi Amin zilikuwa bado zinalipwa. Aliendelea kuwa Mwenyekiti wa CCM hadi 1990, na wapo walioona kwamba alitoka mguu mmoja tu.

Baada ya hapo aliona mengi aliyoyajenga yakibomolewa yeye akiwa hai. Mwaka 1991, katika kikao kilichofanyika Zanzibar, chama kililegeza masharti ya uongozi yaliyowekwa Arusha. Mashirika ya umma yalianza kuuzwa. Jambo hilo lilimuuma, na hakulificha. Alisema hadharani, mara nyingine kwa ukali, hasa alipoona Muungano unatikiswa au rushwa inaota mizizi.

Lakini hakutafuta kurudi kwenye kiti. Alisema kama mzee anavyosema barazani, kisha akawaachia waliokuwa na dhamana waamue. Kuridhika kwake hakukuwa kunyamaza. Kulikuwa ni kukubali kwamba neno lake limekuwa ushauri, na kwamba si amri tena. Wazazi wengi wanajua ugumu wa hatua hiyo. Mwana uliyemwachia kibanda anang'oa kahawa uliyoipanda kwa mkono wako, anapanda parachichi, nawe unatazama.

Kazi za jioni

Alirudi Butiama akalima. Alikaa na wazee wa kijiji na kucheza nao bao, mchezo alioupenda sana. Wageni wakubwa waliofika walimkuta mtu wa shamba, si mfalme aliyeondolewa.

Alikuwa pia na kazi ya kalamu, na hiyo haikuanza baada ya kustaafu. Akiwa bado kiongozi, katikati ya shughuli nyingi, alikuwa ametafsiri tamthilia mbili za Shakespeare, Juliasi Kaizari na Mabepari wa Venisi. Uzeeni aliendelea na kipaji hicho hicho, safari hii kwa Neno la Mungu. Alizigeuza Injili zote nne na kitabu cha Matendo ya Mitume kuwa tenzi za Kiswahili, zikachapishwa mwaka 1996. Fikiria subira inayohitajika kuweka vina na mizani katika kila ubeti, sura baada ya sura. Mtu asiyepanda mbegu ya kazi kama hiyo akiwa kijana hana cha kuvuna siku anapokabidhi ofisi.

Walimwengu nao hawakumsahau. Kuanzia 1987 hadi 1990 aliongoza Tume ya Nchi za Kusini, iliyotafuta njia ya nchi maskini kusaidiana. Na kuna kazi moja iliyotugusa sisi wa Kigoma kwa karibu. Baada ya Rais Melchior Ndadaye wa Burundi kuuawa Oktoba 1993, maelfu kwa maelfu walivuka mpaka. Kibondo na Kasulu zikajaa kambi: Kanembwa, Mtendeli, Nduta, Mtabila. Mwaka 1996 Mwalimu, akiwa na miaka 74, alianza kuwasuluhisha Warundi, kwanza Mwanza, kisha Arusha kuanzia 1998. Huo ndio umri ambao wengi wetu tunadhani ni wa kuota jua tu.

Kicheko

Waliomsikiliza hawasahau kicheko chake. Alijicheka mwenyewe kabla wengine hawajamcheka. Alikuwa akitania kwamba ualimu aliuchagua, bali siasa ilimpata kwa bahati tu. Jina alilolipenda lilikuwa hilo la Mwalimu, nalo halikuhitaji uchaguzi wala kiapo, hivyo hakuna aliyeweza kumwondolea. Hapa pana siri ya furaha yake. Heshima yake haikuwa imefungwa kwenye cheo, ndiyo maana cheo kilipoondoka kicheko kilibaki.

Mwisho wa safari

Mwaka 1998 madaktari walimkuta na saratani ya damu. Aliendelea na usuluhishi wa Burundi akiwa mgonjwa. Nyumba kubwa aliyojengewa na jeshi hapo Butiama aliikalia kwa muda mfupi tu. Alifariki tarehe 14 Oktoba 1999 katika hospitali ya St Thomas', London, akiwa na miaka 77. Alizikwa Butiama, kwenye ardhi ya baba zake. Usuluhishi wa Burundi ulikuwa haujakamilika. Nelson Mandela aliupokea, na mkataba ukatiwa saini Arusha tarehe 28 Agosti 2000. Hata kazi yake ya mwisho, basi, ilimalizwa na mwingine.

Tujifunze nini?

Barzilai Mgileadi alikuwa na miaka 80 Daudi alipomkaribisha kuishi Yerusalemu na kula mezani pa mfalme. Alishukuru, akataja kwa ucheshi kwamba ulimi wake hauonji tena vizuri na masikio yake hayafaidi waimbaji, akaomba arudi mjini kwake afie karibu na kaburi la wazazi wake. Kisha akamtoa Kimhamu aende badala yake. Katika mazungumzo hayo mafupi alikuwa na mpango, ucheshi na kuridhika, na alikuwa na kijana wa kumpisha.

Serikali yetu humhesabu mtu kuwa mzee akifika miaka 60, na mtumishi wa umma hustaafu kwa lazima katika umri huo. Mkulima hapati barua ya kustaafu; ni lazima ajiandikie mwenyewe. Gawa ardhi mbele ya mashahidi ungali na akili timamu. Andika wosia, na mke wako aujue. Weka akiba, hata kama ni mbuzi wawili. Jifunze kazi ya mikono au ya kalamu utakayoiweza magoti yakichoka. Na kama wewe ni mzee wa kanisa, shemasi au mwalimu wa Shule ya Sabato kwa miaka 20, je, yuko Kimhamu wako? Samweli alipokuwa mzee alisimama mbele ya watu akawauliza kama kuna aliyemdhulumu. Ni vema kuuliza swali hilo wakati bado tunaweza kurudisha tulichochukua.

Maswali ya kujadili

1. Soma Hesabu 8:23-26. Katika kanisa lenu, wazee wamepewa kazi gani inayolingana na nguvu zao? Je, ipo kazi wanayoweza kufanya kuliko vijana?

2. Mwalimu aliona mengi aliyoyajenga yakibadilishwa. Mzazi au kiongozi wa kanisa ajuaje wakati wa kusema na wakati wa kunyamaza?

3. Taja kitu kimoja ambacho ungeona vigumu kukiachia: shamba, cheo, au sauti ya mwisho nyumbani. Ni hatua gani ndogo unaweza kuianza juma hili?

4. Soma Zaburi 71:17-18. Mzee anaomba apewe muda wa kufanya nini? Linganisha ombi hilo na maombi tunayoyaomba tunapofikiria uzee wetu.

5. Kwa vijana: Barzilai hakuweza kumpisha Kimhamu kama Kimhamu asingekuwa tayari. Je, uko tayari kupokea kazi, na kumheshimu aliyekukabidhi hata utakapoifanya kwa namna yako?