Dickens na Aibu ya Kazi

Wengi wa wasomaji wetu ni watu wa kazi, nao waujua uchungu wa kudharauliwa na mtu ambaye jana tu walikula naye sahani moja. Leo twaeleza maisha ya Mwingereza aliyeuandika uchungu huo vizuri kuliko wengi, ingawa mwenyewe hakuwa safi: Charles Dickens.

Alizaliwa Portsmouth mwaka 1812. Babu yake alikuwa mtumishi katika jumba la mabwana. Baba yake, karani, alipenda kuishi kibwana kupita mshahara wake. Mwaka 1824 baba huyo akatiwa katika gereza la wadeni la Marshalsea, London. Charles, mwenye miaka 12, alikuwa amekwisha kupelekwa kiwandani kubandika chapa kwenye vyungu vidogo vya dawa ya viatu, kwa shilingi sita kwa juma.

Mwenzake kazini, Bob Fagin, alimfundisha kazi, na siku moja alipougua akamkanda kwa chupa za maji ya moto. Jioni Bob akataka kumsindikiza kwao. Charles, asitake habari za gereza zijulikane, akasimama mbele ya nyumba ya watu wengine, akajifanya amefika. Miaka ilipopita akampa mkuu wa wezi katika Oliver Twist jina la Fagin. Sisi twasema hayo yalikuwa malipo mabaya.

Lakini aliyewahi kuona haya namna hiyo ndiye aliyeweza kuandika Great Expectations, mwaka 1860 na 1861. Pip, aliyelelewa na shemeji yake Joe, mhunzi, apata fedha na kuwa bwana mkubwa London. Joe ajapo kumwamkia, Pip atamani hata kumlipa asije! Kumbe fedha ile si ya bibi tajiri, kama alivyodhani. Ni jasho la mfungwa aliyehamishiwa Australia. Pip augua, madeni yamemzidi. Joe ndiye amwuguzaye, amlipia deni, kisha aondoka alfajiri kimya kimya.

Watoto wa Dickens hawakuambiwa habari za kiwanda. Krismasi ya mwaka 1869 walicheza mchezo wa kukumbuka maneno, kila mmoja akiongeza lake. Baba yao akataja dawa ya viatu ya Warren. Hakuna aliyeelewa. Alifariki Juni 1870, nao wakaja kupata maana yake katika kitabu cha rafiki yake, John Forster.