Mwenda wa Bayeke: gita ilizunguka dunia, na franga je?



Kama desturi yetu, tunawaletea maisha ya mtu mkubwa ambaye hayuko tena. Mara hii ni Mwenda Jean Bosco, mpiga gita, yule ambaye baadaye aliitwa Mwenda wa Bayeke. Wazee wetu wanamjua bila kuelezwa. Vijana wengi wanamjua kwa jina tu, ao hawamjui kabisa. Tumemchagua kwa sababu mbili. Ya kwanza, alitoka, akafanya kazi mu inchi za watu, akarudi, sawa vile sisi. Ya pili, maisha yake yanaonyesha wazi namna muziki unavyoingiza franga, na namna zile franga zinavyoweza kupita pembeni ya mwenye kuimba. Na leo mu Bel-Air tuko na watoto wengi wenye kuimba.

Kijana wa Bunkeya

Mwenda alizaliwa mwaka 1930 ku Bunkeya, mji wa Wayeke, ambao leo uko mu provensi ya Lualaba. Jina lenyewe ni kubwa kule: mfalme Msiri, aliyeuawa mwaka 1891 wakati msafara wa Stairs ulipofika kwake, naye aliitwa Mwenda. Jean Bosco ni jina la ubatizo.

Alikua mu Katanga ya Wabelgiji, ile ya misioni, ya reli na ya Union Minière. Miji ya migodi ilikuwa imejaa watu wa kila upande: Wakasai, watu wa Rwanda, watu wa Angola, watu wa ile Rhodesia ya Kaskazini ambayo leo ni Zambia. Kila mmoja alikuja na ngoma za kwao, lakini jioni, kisha kazi, kijana wa mji alishika gita. Ilikuwa chombo chepesi, unaweza kutembea nayo, haidai kundi zima.

Mwenda alichanganya mambo mengi: nyimbo za kwao, diski za Cuba, na muziki wa zile filme za cowboy. Alipiga kwa vidole viwili tu, gumba na kidole cha pili. Gumba lilishika besi, kidole kingine kilichezea nyuzi za juu, na mwenye kusikia alifikiri watu wawili wanapiga. Aliimba sana mu Kiswahili chetu hiki cha Katanga. Njo maana nyimbo zake zilieleweka mbali, mpaka pwani.

Diski ya kwanza

Mwaka 1952 Hugh Tracey, Mwingereza aliyefanya kazi Afrika Kusini, alikuwa anazunguka na mashine ya kurekodi. Ku Jadotville, ni kusema Likasi ya leo, alimkuta huyu kijana wa miaka 22 na gita yake, akamrekodi. Kati ya zile nyimbo ulikuwemo Masanga. Ule wimbo ulipata zawadi ya Osborn, iliyotolewa kwa rekodi bora za muziki wa Afrika za mwaka ule. Kampuni ya Gallo, ya Johannesburg, ikatoa nyimbo zake kwa alama ya Gallotone, na jina la Mwenda likaanza kusafiri kumpita mwenyewe.

Hapa tusimame kidogo, tueleze ile biashara ilikuwa namna gani.

Ku Léopoldville, muziki ulikuwa mikononi mwa wafanyabiashara Wagiriki. Studio ya Ngoma ilianza mwaka 1948, Loningisa mwaka 1950. Mwenye studio alikuwa na vyombo na mashine, aliuza diski, mwanamuziki alikuja na sauti yake. Lakini sisi watu wa Katanga, reli yetu ilielekea kusini. Kwa hiyo sauti ya kijana wa Likasi ilipita Johannesburg kwanza, ikawekwa ku diski, ndipo ikarudi huku kuuzwa kwa ndugu zake.

Diski za wakati ule zilikuwa nzito na zilivunjika kama sahani ya udongo. Zilizunguka mara 78 kwa dakika. Kila upande uliingiza karibu dakika 3 tu. Mtu aliyezoea kupiga wimbo mmoja muda wote wa jioni alilazimika kuukata ili uingie ku kipande cha diski. Hata urefu wa nyimbo uliamuliwa na biashara.

Na malipo? Kawaida ya wakati ule ilikuwa hii: mwanamuziki anaimba, anapewa franga mara moja, anatia saini ao kidole, anaenda. Diski ikiuzwa mia moja ao elfu kumi, kwake ni vilevile.

Mfano unaojulikana sana ni wa Solomon Linda, Mzulu, aliyerekodi wimbo wake Mbube kwa kampuni ile ile ya Gallo mwaka 1939. Haki za ule wimbo aliziachilia kwa shilingi 10. Ukaimbwa dunia nzima, ukabadilishwa jina, ukaingia mu filme kubwa ya Marekani. Linda alikufa mwaka 1962 akiwa maskini. Ilikuwa tu mwaka 2006, kisha kesi, njo watoto wake wakapata mapatano ya kulipwa. Miaka 44 kisha baba kufa! Chanzo cha yote ni karatasi moja.

Katika biashara ya namna hii njo Mwenda aliingia. Alirekodi nyimbo nyingi kwa Gallotone, na diski zake zilisikiwa Afrika ya kusini, ya kati na ya mashariki. Lakini tuangalie alifanya nini pembeni: aliendelea na kazi. Alifanya kazi ku benki, alifanya kazi pia ku kampuni ya madini. Mtu ambaye gita yake ilichezwa mu kila mji wa reli alitafuta bado mshahara wa mwisho wa mwezi. Kwetu sisi hilo linaeleza hesabu ya diski vizuri kuliko maneno mengi.

Nairobi: muziki wa kuuza dawa

Karibu na mwaka 1959 Mwenda alifika Nairobi, mu inchi ya Kenya (si komini yetu ya Kenya!). Ndugu yake Edouard Masengo, naye mpiga gita mkubwa wa Lubumbashi, alifika kule pia. Kazi iliyowaita ilikuwa ya matangazo: kampuni ya Aspro, ile dawa ya kichwa, ilitaka wanamuziki wanaopendwa ili watu wanunue vidonge. Mwenda alipata pia programu yake ku redio.

Huo ulikuwa mlango mpya. Ku diski, kampuni inauza wimbo. Ku tangazo, kampuni inauza kitu kingine, na wimbo unakuwa chambo. Mwenye dawa hana haja ya kujua diski ngapi zimeuzwa. Anataka watu wakusanyike pale gita inapolia. Kwa mwanamuziki ni franga za haraka, na jina linakua. Wimbo wenyewe unabaki kwa nani? Hilo linategemea yale yaliyoandikwa.

Mwenda hakukaa kule siku nyingi, lakini aliacha alama. Kizazi kizima cha wapiga gita wa Kenya kilijifunza kwa kusikia vidole vyake. Mpaka leo, mu Afrika ya mashariki, wazee wakisikia ile gita kavu bila vyombo vingine, wanajua inatoka wapi.

Kurudi

Pwani kuna methali inayosema mwenda tezi na omo marejeo ni ngamani. Maana yake: hata ukienda mbele na nyuma ya jahazi, mwisho unarudi katikati, pale ulipotoka. Mwenda huyu pia alirudi, na sehemu kubwa ya maisha yake aliishi hapa Lubumbashi.

Hakurudi kukaa na kuhesabu sifa. Aliongoza orkestra za wengine. Kuanzia miaka ya 60 alikuwa na hoteli yake ku Sakania, karibu na mpaka wa Zambia, pale watu wa reli na wa biashara wanapopita. Wale kati yetu waliopita Sakania na mizigo wanajua kwamba kitanda na sahani ya bukari pale hazikosi mteja. Alichagua vizuri: gita inaweza kunyamaza, lakini msafiri lazima alale.

Mwaka 1969 aliitwa Marekani, akapiga ku tamasha kubwa la Newport. Mwaka 1972, wakati Mobutu alipokataza majina ya kikristu, Jean Bosco likaondoka, akawa Mwenda wa Bayeke. Mwaka 1982 alikwenda Ulaya kupiga. Wataalamu walikuwa wameshaandika gita yake nota kwa nota: David Rycroft alichapa kazi hiyo mwaka 1961 na 1962. Kijana mmoja Mwingereza, John Low, alikuja huku mwaka 1979 kumtafuta yeye na wenzake ili ajifunze, akaandika kitabu juu ya ile safari.

Mwaka 1988 aliingia studio ku Cape Town, akarekodi tena nyimbo zake. Mwaka 1990 akafa kwa aksida ya motokari, akiwa na miaka 60. Zile nyimbo za Cape Town zilitoka Marekani mwaka 1994. Ni kusema diski yake ilifika dukani miaka 4 kisha yeye kuzikwa.

Mifuko mitatu

Sasa tuje kwa jambo letu. Wimbo mmoja uko na mifuko mitatu, na kila mfuko uko na mwenyewe.

Mfuko wa kwanza ni wa utungo: maneno na sauti ulizotunga. Huo ni wa mtungaji. Mfuko wa pili ni wa rekodi yenyewe: ile sauti iliyokamatwa ku mashine. Huo mara nyingi unashikwa na aliyelipa studio. Mfuko wa tatu ni wa kupiga mbele ya watu: arusi, baa, konseri, tangazo. Biashara ya zamani ilifanya hivi: ililipa kidogo kwa mfuko wa tatu ao wa pili, kisha, kwa saini moja, ikaondoka na yote mitatu.

Kwetu sheria iko. Ile ya tarehe 5 Aprili 1986 inalinda haki za watungaji maisha yao yote, na miaka 50 kisha kufa kwao haki ziko za warizi. Kwa mtu aliyekufa mwaka 1990, hiyo inafika mwisho wa mwaka 2040. Zamani SONECA, iliyoanzishwa mwaka 1969, njo ilikuwa inakusanya franga za watungaji. Tangu 2011 kazi hiyo iko kwa SOCODA. Sheria haitembei yenyewe mpaka mlango wako. Mtungaji asiyejiandikisha, ao mwenye kuachilia haki yote ku karatasi asiyoisoma, hata sheria nzuri itamkuta ameshauza.

Na hili si neno la zamani tu. Mtoto wa mwanachama mmoja, hapa hapa mu Bel-Air, aliimba tangazo la mfanyabiashara fulani wa mji. Alipewa franga za transport na soda. Hakukuwa karatasi. Sauti yake inalia ku redio na ku telefone za watu, na akiuliza, anajibiwa kwamba alishalipwa. Mama yake alileta shida ile ku mkutano wetu, na wengi walicheka kwanza. Kisha baba mmoja aliyerudi kutoka Afrika Kusini alisema kwamba yeye vilevile alifanya kazi miaka kwa mapatano ya mdomo, na siku ya kufukuzwa hakuwa na kitu cha kuonyesha. Watu wakanyamaza. Tukaona ni shida moja: kwa muimbaji, kwa fundi wa kujenga, kwa mama wa kazi ya nyumbani.

Kwa hiyo komite imeamua mambo matatu. Moja: kuandika karatasi fupi ya mapatano, ukurasa mmoja, mu Kiswahili na mu Kifaransa, ambayo kijana anaweza kubeba akienda studio, na ambayo inasema wazi anauza mfuko gani na kwa muda gani. Mbili: kusaidia watungaji wa familia zetu kujiandikisha. Tatu: mtu yeyote aliyeletewa mkataba asitie saini siku ile ile, aulete kwanza, tuna wenzetu wanaosoma Kifaransa vizuri, wausome pamoja naye. Ni bure.

Wafadhili wetu, mchango wenu wa miezi hii unaingia humu: fotokopi, transport ya kwenda ku ofisi, na malipo ya kujiandikisha kwa wale wasioweza. Wanachama, mchango wa mwezi ni ule ule, na likelemba inaendelea kama kawaida.

Mzee Mwenda alitupatia gita. Alituonyesha tena akili ya mtu anayerudi: alishika kazi, akajenga hoteli, akaendelea kupiga. Tuwafundishe watoto vidole vyake, na tuwafundishe kusoma karatasi mbele ya kutia saini. Mwenye diski za zamani za Mwenda, za Masengo ao za wengine wa Katanga, asizitupe. Azilete ku mkutano tuzisikilize, tuandike majina ya watungaji kabla hayajapotea.

Komite, Bel-Air, komini ya Kampemba, Lubumbashi