Michael Grzimek: Rubani, Mpiga Filamu, Mhesabu Nyumbu

Kule Nyanungu, Tarime, mashamba ya watu yanaishia pale Hifadhi ya Serengeti inapoanzia. Kati ya watu walioifanya hifadhi hiyo ijulikane duniani yumo Mjerumani aliyekufa na miaka 24, umri wa wengi wetu hapa chuoni.

Michael Grzimek alizaliwa Berlin mwaka 1934. Baba yake, Bernhard, aliongoza bustani ya wanyama ya Frankfurt. Michael hakusubiri kampuni kubwa imwajiri. Alikwenda Kongo akapiga filamu ya wanyamapori, ikatoka 1956, ikapata tuzo Berlin na kuingiza pesa. Baba na mwana wakataka kununulia hifadhi ardhi. Peter Molloy, mkuu wa hifadhi za Tanganyika, akawashauri wafanye jambo jingine: wahesabu wanyama. Wakoloni walikuwa wanataka kubadili mipaka ya Serengeti, na njia za nyumbu zilikuwa hazijulikani vizuri.

Basi wote wawili wakajifunza urubani. Mwaka 1958 walikuwa Serengeti na ndege ndogo aina ya Dornier, imechorwa mistari kama punda milia. Michael alirusha ndege, akapiga filamu, akahesabu wanyama na kuwawekea alama ili wafuatiliwe. Kazi za watu wanne, mtu mmoja! Walihesabu wanyama zaidi ya 366,000, wakagundua kwamba nyumbu wanavuka mipaka iliyokuwa inapendekezwa.

Tarehe 10 Januari 1959, Michael akiwa peke yake angani, ndege iligongana na tai, ikaanguka. Alizikwa ukingoni mwa kreta ya Ngorongoro. Baba akaimalizia filamu yao, Serengeti darf nicht sterben, yaani Serengeti haipaswi kufa. Mwaka 1960 ikashinda Oscar.

Hadithi haiishii kwenye tuzo, lakini. Mwaka 1959 Ngorongoro ilitengwa na Serengeti, hifadhi ikaongezwa upande wa kaskazini, na Wamaasai waliokuwa wakiishi ndani yake wakahamishwa. Filamu iliwatetea nyumbu kwa nguvu. Wenyeji hawakupata mtetezi wa aina hiyo. Anayeshika kamera ndiye anayeamua nani ahesabiwe.

Michael alifanya makubwa kwa ndege moja na miaka michache. Siku hizi wengi wetu tuna kamera mfukoni. Upande wa mashambani, kule Nyanungu, bado unasubiri mpiga filamu wake.