L. A. Notcutt

Meja L. A. Notcutt alikuwa mtengenezaji wa filamu kutoka Uingereza. Anajulikana hasa kwa kuongoza kazi ya kupiga na kuhariri filamu za mradi wa Bantu Educational Kinema Experiment (kifupi: BEKE) huko Vugiri, katika milima ya Usambara, kati ya miaka 1935 na 1937.

Kabla ya hapo alisimamia mashamba ya mkonge Afrika Mashariki. Huko ndiko alikopata wazo kwamba sinema ya shambani ingewafanya vibarua waridhike na kazi. Kwa hiyo nia yake ya kwanza haikuwa elimu. Mradi wenyewe ulianzishwa na J. Merle Davis wa Baraza la Kimataifa la Misioni, aliyekuwa amechunguza athari za migodi ya shaba katika Rhodesia ya Kaskazini (leo Zambia). Fedha zilitoka hasa kwa Shirika la Carnegie la New York, naye G. C. Latham alishika upande wa elimu.

Vugiri iko juu ya Korogwe, na ubaridi wake unafaa kusafishia filamu kuliko joto la pwani. Hapo zilitengenezwa filamu zipatazo 35 za milimita 16, kuhusu kilimo, afya, kodi na akiba. Katika mojawapo, kibarua anayefukia mshahara wake ndani ya nyumba anaibiwa, huku mwenzake akiuweka posta. Waigizaji walikuwa Waafrika, na Waafrika walifundishwa pia kazi za chumba cha giza. Lakini walioamua watazamaji waone nini walikuwa wageni.

Sauti haikuwa kwenye filamu bali kwenye santuri iliyochezwa sambamba na picha. Hivyo gharama ilipungua, na picha ileile iliweza kusemeshwa Kiswahili, Kiganda, Kinyanja au Kibemba kwa kubadilisha santuri tu. Tatizo ni kwamba filamu ikikatika na kuungwa, hata picha chache zikipotea, sauti na picha huachana.

Kuanzia Septemba 1935 filamu hizo zilisafirishwa kwa lori na kuonyeshwa kwa maelfu ya watu Tanganyika, Nyasaland (leo Malawi), Rhodesia ya Kaskazini, Kenya na Uganda.

Mwaka 1937 fedha zilikwisha, na serikali za kikoloni za Afrika Mashariki hazikukubali kuuendeleza mradi. Mwaka huohuo Notcutt na Latham walitoa kitabu The African and the Cinema. Filamu tatu tu ndizo zinazojulikana kubaki, moja ikiwa ya wakulima wa Kingolwira karibu na Morogoro. Zimehifadhiwa Uingereza, katika British Film Institute.